Chini ya tufu, juu ya tufu

Lori ilishusha mawe Jumamosi asubuhi, na kabla dereva hajamaliza kuhesabu pesa zake fundi alikuwa ashaanza kuchambua, haya ya ukuta, haya ya msingi, haya arudi nayo. Mawe ya kukatwa na mashine, yale ya kijivu tunayoyajua sote, inchi 9 kwa 9. Moja akalisukuma pembeni kwa mguu. Nikamuuliza lina shida gani. Akainama akanionyesha: katikati ya uso uliokatwa kulikuwa na bonge la rangi ya krimu, saizi ya kidole gumba, lina vitundu vidogo vidogo kila mahali, na alipolikwangua kwa ncha ya mwiko likamong'onyoka likawa unga.

"Hapa patanyonya maji, bosi. Mvua ikinyesha doa utaliona hapa kwanza."

Nikamwambia hiyo ni pamisi, ndugu yake lile jiwe la kusugulia visigino, povu la volkano lililopoa likiwa bado na hewa ndani. Nikaongeza (sisi watu wa kusomasoma hatujui kunyamaza) kwamba jiwe lote hilo alilolishika ni majivu ya volkano yaliyoganda, wenyewe wanaita tufu, na nyumba kibao za Nairobi zimejengwa kwa hiyo.

Kijana anayemsaidia fundi, ambaye asubuhi yote alikuwa hajasema neno, akauliza jiwe lina miaka mingapi. Mamilioni, nikamwambia.

"Na ukuta?"

Ukuta ndio huo tunaanza leo.

"Sasa mtu akikuja baadaye apime hii jiwe, si atasema ukuta wetu uko na miaka milioni?"

Tukacheka, wakarudi kwa kazi yao. Mimi lile swali limekaa na mimi wiki kadhaa sasa, kwa sababu kijana bila kujua alikuwa ameuliza kitu ambacho wanasayansi wakubwa kabisa walikigombania karibu miaka kumi, hapa hapa Kenya, kando ya Ziwa Turkana, na ugomvi wenyewe ulikuwa juu ya tufu.

Majivu yenye jina

Volkano ikilipuka inatoa vitu vingi, na vile vyote vinavyorushwa hewani, kuanzia vumbi laini hadi mabonge, vinaitwa tefra. Hilo jina alilianzisha Sigurdur Thorarinsson, mtu wa Iceland, mwaka 1944, alikuwa anahesabu milipuko ya kwao kwa kufuata matabaka ya majivu ardhini. Tefra ikishashuka, ikalala, ikakandamizwa na ikashikana mpaka ikawa jiwe, hiyo sasa ndiyo tufu. Basi. Maana yake ni fupi hivyo.

Utata unaanza kwenye matumizi.

Kwa fundi tufu ni jiwe jepesi la kukatika vizuri. Kwa mwanajiolojia ni mwamba mmoja kati ya mingi. Lakini kwa mtu anayechimba mifupa ya kale, tufu ni tarehe, na ndiyo maana kwenye ripoti zao utaona tufu zina majina kama watu: Tufu IB na Tufu IF za Olduvai kule Tanzania, Tufu ya Nyayo ya Laetoli, hukohuko Tanzania, Tufu H2 kule Omo, Ethiopia, KBS ya Koobi Fora, mashariki mwa Ziwa Turkana. Tabaka la mchanga halipewi jina kwa heshima hiyo, tope la ziwa pia hapana. Bonde la Ufa lina bahati moja ambayo ndiyo imetufanya maarufu dunia nzima kwa mambo ya asili ya binadamu, nayo ni kwamba wakati mito na maziwa yanafukia mifupa, volkano zilikuwa hazilali, kila baada ya muda majivu yanashuka, yanafunikwa, yanashuka tena.

Saa iko kwenye chembe

Kwa nini majivu yawe na tarehe na mchanga usiwe nayo? Ndani ya majivu kuna fuwele ndogo za feldispa, aina ya madini, zenye potasiamu, na sehemu ndogo sana ya potasiamu ni ya aina ya 40, ambayo haina utulivu, inageuka polepole mno, nusu yake inachukua miaka bilioni 1.25 kugeuka. Kiasi cha asilimia 11 ya inayogeuka inakuwa agoni, ambayo ni gesi. Fuwele ikiwa bado kwenye moto wa volkano gesi inatoroka. Ikishapoa gesi inanaswa ndani. Kwa hiyo ukipasua fuwele leo maabara ukapima agoni iliyomo, unajua imekaa muda gani tangu ipoe.

Soma tena hiyo sentensi ya mwisho. Tangu ipoe. Haijasema tangu ifike pale ulipoiokota.

Mfupa wenyewe hausemi kitu. Hapa ndipo watu wengi tunapoteleza tunapobishana mitandaoni, utaona mtu anaandika "fuvu lilipimwa kwa kaboni likakutwa na miaka milioni mbili". Haiwezekani. Kaboni inafika kiasi cha miaka 50,000 hivi halafu inaishiwa, hakuna kilichobaki cha kupima. Mifupa ya mamilioni ya miaka haipimwi yenyewe, inaazima umri kwa jirani. Jirani akiwa juu yake, mfupa ni mkubwa kwa umri kuliko jirani, na jirani akiwa chini, mfupa ni mdogo. Wakibahatika wakapata tufu mbili, moja juu moja chini, mfupa unabanwa katikati, na kadiri tufu hizo zinavyokaribiana ndivyo tarehe inavyokuwa nzuri.

Chini ya. Juu ya. Ukitafuta uaminifu wote wa kazi hii uko kwenye hayo maneno, na ndiyo ya kwanza kupotea habari ikifika gazetini.

Ushindi wa Olduvai ulivyowapa watu kiburi

Julai 1959 Mary Leakey aliona lile fuvu la Zinj, jamaa wa kale wa binadamu, pale Olduvai. Mumewe Louis alikisia miaka kama 600,000. Miaka miwili baadaye Jack Evernden na Garniss Curtis wa chuo cha Berkeley, Marekani, wakapima majivu ya pale kwa potasiamu na agoni, wakarudi na miaka milioni 1.75, karibu mara tatu ya makisio ya mzee. Ilikuwa kishindo. Historia nzima ya binadamu ilirefuka kwa karatasi moja, na vipimo vya baadaye, vya kisasa zaidi, vimeisogeza Zinj nyuma kidogo tu, milioni 1.84 hivi.

Nafikiri (haya ni mawazo yangu, msininukuu) huo ushindi ndio uliofanya kilichofuata kuwa kigumu. Mashine ilikuwa imewashinda wazee wa kukisia kwa macho mara moja mbele ya watu wote, sasa nani angethubutu kubishana na mashine mara ya pili?

KBS

Mwaka 1969 mwanajiolojia kijana, Kay Behrensmeyer, akiwa na timu ya Richard Leakey upande wa mashariki wa ziwa, ambalo wakati huo bado liliitwa Rudolf, aliona vifaa vya mawe vimetokeza kwenye tufu ya kijivu. Pakaitwa kwa jina lake, Kay Behrensmeyer Site, kwa kifupi KBS, na tufu ikarithi herufi hizo.

Sampuli zikatumwa Uingereza kwa Frank Fitch na Jack Miller. Jibu la kwanza kurudi lilisema zaidi ya miaka milioni 200.

Milioni mia mbili! Wakati wa madinosari.

Kila mtu alielewa mara moja kwamba sampuli imechanganyika, kuna chembe za mwamba wa kale zimeingia humo. Wakaomba nyingine, safi zaidi, mabonge ya pamisi na fuwele zilizochaguliwa, wakapima upya na mwaka 1970 wakatangaza milioni 2.61. Hilo lilikuwa jibu la akili. Hilo likakubaliwa.

Mimi hapo ndipo ninaposimama kila mara. Jibu la milioni 200 lilikataliwa kwa sababu lilikuwa la kichaa. La 2.61 lilipokelewa kwa sababu lilifanana na kitu kinachowezekana. Lakini uchafu hauna sheria ya kukuongopea kwa wingi tu, unaweza kukuongopea kidogo pia, na uongo mdogo ndio usioonekana. Punje chache za zamani kwenye sampuli hazitakupa dinosari, zitakupa laki kadhaa za ziada, nawe utashukuru na kuondoka.

Halafu 1972 Bernard Ngeneo, mmoja wa wale vijana wa Kenya wenye macho ya ajabu waliokuwa wanatembea jangwani siku nzima wakitafuta, akaona vipande vya mfupa kwenye mteremko wa korongo. Vilipookotwa na kuchekechwa vyote vilizidi 150, vikaunganishwa kwa wiki nyingi, likatokea fuvu lenye ubongo mkubwa kuliko wa Zinj kwa mbali. Namba yake 1470. Na lilitoka chini ya tufu ya KBS.

Hesabu ni rahisi. Tufu ni 2.61, fuvu liko chini, kwa hiyo ni la zamani zaidi, likatangazwa kuwa na miaka milioni 2.9. Binadamu mwenye ubongo mkubwa, wa zamani kuliko mababu waliodhaniwa kumzaa! Richard alimpelekea baba yake aone, Louis alifurahi sana, maana maisha yake yote alikuwa anasema ukoo wetu ni wa zamani kuliko watu wanavyodhani. Siku chache baadaye, tarehe 1 Oktoba 1972, Louis akafariki.

Nguruwe

Waliokataa kwanza walikuwa watu wa nguruwe.

Ukivuka mpaka kuingia Ethiopia, kwenye bonde la chini la mto Omo, kuna timu nyingine ilikuwa inachimba matabaka ya umri uleule, na bahati ya Omo ni kwamba tufu ni nyingi, zimepangana vizuri moja juu ya nyingine na zimepimwa. Humo kuna nguruwe wa kale kwa wingi. Baadhi ya koo za nguruwe hao zina tabia moja nzuri: kadiri miaka inavyokwenda gego la mwisho linarefuka na kuinuka, kwa hiyo ukipewa gego unaweza kusema huyu ni wa mapema au huyu ni wa mwishoni. Basil Cooke aliyajua magego hayo kuliko mtu yeyote. Akaangalia nguruwe waliotoka chini ya KBS akasema hawa ninawajua, kule Omo hawa ni wa miaka milioni 2 hivi. Sio 2.6, wala sio 2.9.

Upande wa Koobi Fora walijibu kwamba labda mazingira yalitofautiana, labda nguruwe wa huku walibadilika mapema kuliko wa kule. Sio jibu la kipumbavu. Lakini fikiria hali ilivyokuwa: upande mmoja kuna fizikia, mashine, desimali, na upande mwingine kuna mzee ameshika jino la nguruwe. Ungekuwa wewe ungemwamini nani? Mimi ningeamini mashine, nasema ukweli wa Mungu.

Mwaka 1975 Garniss Curtis, yuleyule wa Olduvai, na wenzake wakapima KBS kwa maabara yao ya Berkeley. Wakapata milioni 1.82 sehemu moja na 1.60 sehemu nyingine. Sasa tufu moja ikawa na umri wa aina tatu, na watu wakaanza kujiuliza kama kweli ni tufu moja.

Saa mbili zikakubaliana

Hii sehemu ndiyo iliyonikosesha usingizi kuliko zote.

Kuna njia nyingine ya kupima ambayo haina uhusiano na agoni. Fuwele za zikoni zina urani ndani, na mara moja moja atomu ya urani inapasuka yenyewe na kuacha mkwaruzo. Ukizilowesha kwenye kemikali mikwaruzo inaonekana kwa hadubini, unaihesabu, na wingi wake unakupa umri. Mwaka 1976 Anthony Hurford, Andrew Gleadow na Charles Naeser wakaihesabu mikwaruzo ya zikoni za KBS wakapata milioni 2.44. Na mwaka huohuo Fitch na wenzake walikuwa wamerekebisha yao hadi 2.42.

Mbili nukta nne na mbili nukta nne. Njia mbili tofauti kabisa, jibu moja.

Sisi wote tumefundishwa hivyo, si ndiyo? Mashahidi wawili wasiojuana wakisema jambo moja, jambo hilo ni kweli. Mahakamani hivyo, nyumbani hivyo. Na hapa mashahidi wawili walikubaliana na wote wawili hawakuwa sahihi.

Nimekaa sana na hilo. Sijui kama kuna njia ya kulikwepa. Nilichokiona ni kwamba hao mashahidi wawili walikuwa wanahojiwa juu ya kitu kilekile, punje kutoka tufu ileile, tena kila mtu alikuwa anajua tayari jibu lililopo mezani ni lipi. Nguruwe hawakuwa wanajua. Simaanishi kwamba mtu alidanganya, hapana, namaanisha kwamba unapohesabu mikwaruzo michache sana kwenye kitu kidogo kuliko punje ya chumvi, kuna maamuzi mengi madogo ya kufanya, huu ni mkwaruzo au sio, nihesabu au niache.

Na aliyelimaliza upande wa zikoni ni Gleadow mwenyewe. Mwaka 1980 alirudi na kazi mpya, alikuwa ameshughulika na tatizo la jinsi zikoni changa zenye mikwaruzo michache zinavyotakiwa kuandaliwa ili mikwaruzo yote ionekane, akapata milioni 1.87. Mwaka huohuo Ian McDougall kule Canberra, kwa potasiamu na agoni, kwa fuwele zilizochaguliwa kwa uangalifu kutoka kwenye mabonge ya pamisi, akapata 1.89. Vipimo vya baadaye vimebaki hapohapo, milioni 1.87. Nguruwe walikuwa wamesema kweli tangu mwanzo.

Napenda kwamba jina la Gleadow liko kwenye karatasi zote mbili.

Mto ndio uliochanganya

Rudi sasa kwa swali la kijana wa mjengo. Mtu akipima jiwe, si atasema ukuta ni wa milioni?

Atasema. Na KBS ilikuwa ukuta. Hayo majivu hayakuanguka kutoka angani moja kwa moja pale Koobi Fora yakalala. Yalianguka mbali, juu kwenye chanzo cha mto, halafu mto ukayabeba ukashuka nayo, na njiani mto haubagui, ulizoa na mchanga na punje za miamba ya kale iliyokuwa kandokando. Vyote vikatua pamoja penye maji tulivu, vikaganda vikawa jiwe moja la kijivu ambalo kwa macho ni tufu safi kabisa. Ukilisaga lote ukalipima, unapata wastani wa wageni na wenyeji.

Ndiyo maana McDougall alikwenda kwenye mabonge ya pamisi. Bonge la pamisi ni kipande kimoja cha povu la mlipuko mmoja, fuwele iliyomo ndani yake imezaliwa humo, haikuokotwa njiani. Lile bonge la krimu ambalo fundi wangu alilikataa, mpimaji wa umri angelifunga kwenye karatasi na kulipeleka nyumbani.

Watu wa fani hiyo sasa wana tabia ya kuuliza kwanza: hii tufu imeanguka au imesafirishwa? Wengine hata wanakataa kuiita tufu kama imesafiri sana, wanasema huo ni mchanga wenye majivu. Kwa msomaji wa kawaida inaonekana ni kubishana juu ya jina. Baada ya KBS, mimi naona tofauti hiyo ni kama laki saba za miaka.

Na kuna zana nyingine iliyokuja kukua kutokana na vurugu hizo. Majivu yana vipande vidogo vya kioo, na kioo cha kila mlipuko kina mchanganyiko wake wa chuma, titani na kadhalika, unakaribia kuwa wa kipekee. Thure Cerling na Frank Brown waliutumia kuonyesha kwamba KBS ya Koobi Fora na Tufu H2 ya Omo ni majivu ya mlipuko mmoja. Yaani badala ya kuuliza hii ina miaka mingapi, unauliza hii ni nani, halafu unakwenda kupima pale inapopimika vizuri.

Laetoli ni kesi tofauti

Kuna mahali pamoja ambapo hizo chini ya na juu ya hazihitajiki, na sitaki kupapita. Laetoli, kusini mwa Olduvai. Mwaka 1976 wanasayansi wageni walikuwa wanarushiana mavi makavu ya tembo kwa mchezo, Andrew Hill akaanguka akikwepa, uso ukawa karibu na ardhi, akaona alama za nyayo za wanyama kwenye tufu. Miaka miwili baadaye zikaonekana zile za watu, au tuseme za mababu wa watu, njia ndefu ya mita kama 27.

Majivu yalishuka laini, mvua nyepesi ikanyesha, mpaka leo vijishimo vya matone vinaonekana, wakapita tembo, sungura, kanga, na wale wanaotembea kwa miguu miwili, halafu ikakauka ngumu, kisha volkano ikapumua tena ikafunika. Miaka milioni 3.66. Hapo nyayo haziko chini ya tufu wala juu yake, ziko ndani, zilikanyagwa majivu yakiwa mabichi, kwa hiyo umri wa jiwe na umri wa hatua vinapishana kwa siku, labda wiki. Sijui sehemu nyingine ya zamani hivyo yenye bahati kama hiyo.

Upande wa pili wa mambo kuna majivu yasiyoonekana kabisa. Volkano ya Toba, Sumatra, ililipuka kama miaka 74,000 iliyopita, na vipande vyake vya kioo vimepatikana kwenye tope la chini ya Ziwa Nyasa, zaidi ya kilomita 7,000 kutoka huko. Hakuna tabaka la kuona kwa macho, unaosha tope, unachuja, unatafuta kwa hadubini vijipande vichache. Na vinatosha kukuambia kwamba tope la kina hiki ni la mwaka ule. Hii inaitwa kriptotefra, majivu yaliyofichika. Sijaamua kama inanifurahisha au inanitisha, kwamba vumbi kidogo hivyo libebe uzito wote huo.

Tufu ya Kamoya

Mwaka 1967 Kamoya Kimeu aliona mifupa ya mtu kule Omo Kibish, kusini mwa Ethiopia. Mtu hasa, wa aina yetu sisi. Akaitwa Omo I. Mara ya kwanza alipewa miaka kama 130,000, mwaka 2005 ikawa 195,000, na juu ya mahali alipolala kuna tabaka nene la majivu lenye jina KHS, herufi ambazo kirefu chake ni Kamoya's Hominid Site. Watu wengi wanamjua Kamoya kwa yule "kijana wa Turkana", mifupa ya mvulana wa kale aliyoiona 1984. Wachache wanajua kwamba ana tufu.

Tufu hiyo ilikuwa na tatizo lake: ni laini mno, haina fuwele kubwa za kupimika. Miaka yote hiyo ilikuwa imekaa juu ya Omo I bila kusema kitu. Mpaka Januari 2022, Céline Vidal na wenzake walipolinganisha kioo chake na cha volkano za Ethiopia wakakuta kinafanana na mlipuko mkubwa wa Shala, volkano iliyo mbali zaidi ya kilomita 350. Kule Shala pamisi ni ya mabonge, fuwele zipo. Wakazipima, zikasema miaka 233,000, toa au ongeza 22,000.

Tufu iko juu. Mfupa uko chini. Kwa hiyo Omo I ni wa zamani kuliko hapo, ila kwa kiasi gani hakuna anayeweza kusema, kwa sababu kinachotakiwa sasa ni kitu cha uhakika chini yake cha kumbana upande wa pili, na hicho bado hakijatulia. Kamoya alifariki Julai mwaka huohuo.

Juzi nimeingia mtandaoni kutafuta kama kuna aliyeandika habari hiyo kwa Kiswahili. Nimepata kurasa chache. Zote zimeandika "miaka 233,000", kavukavu, bila "zaidi ya", na moja imesema mifupa ndiyo iliyopimwa. Nimeacha komenti.